Mbigili zimejaa uwanjani

SWALI: Uwanja wetu hapa Pasua, Moshi, umejaa mbigili. Watoto wanachomwa hata wakiwa na ndala, na baiskeli haiishi pancha. Mwaka jana tulilima kwa jembe, zikarudi nyingi zaidi. Tupige dawa gani?
Mama wa watoto wanne, Pasua

JIBU: Pole, mama. Jembe ndilo lililowaponza. Mlipolima, mbegu zilizokuwa juu zilifukiwa sentimita chache tu, na hapo ndipo zinapoota vizuri. Tunda la mbigili likikauka hupasuka vipande vitano, kila kimoja kina miiba yake na mbegu kadhaa ndani. Mbegu hizo haziamki zote msimu mmoja, nyingine hukaa ardhini kwa miaka. Kwa hiyo anzeni na mbegu, dawa baadaye.

Masika yakianza, kagua uwanja kila wiki. Mbigili huchanua wiki chache tu baada ya kuota, hivyo ukisubiri mwezi uishe, umechelewa. Matawi yote hutoka kwenye mzizi mmoja wa katikati. Usivute ncha, zitakatika na shina litachipua tena. Vaa glovu, kusanya matawi, kata mzizi kwa kisu sentimita mbili tatu chini ya udongo, kisha toa mmea mzima. Udongo ukiwa na unyevu, kazi ni nyepesi. Mmea wenye matunda, hata mabichi, usiutupe kwenye mboji. Tia guniani, ukachome.

Miiba iliyokwisha kudondoka hainaswi na ufagio. Buruza zulia kuukuu, upande wa manyoya ukiwa chini na jiwe juu yake. Rudia mpaka litoke tupu. Hii ndiyo kazi wengi wanaiacha, halafu wanalaumu dawa.

Tukija kwenye dawa za magugu: glaifoseti huua mmea wowote ulioota tu, pamoja na ukoka wako. Mbegu ardhini haiziui. 2,4-D, dawa nyingine ya magugu, haiui nyasi, lakini upepo ukiivusha ukuta, nyanya za jirani zinajikunja na kuharibika. Ukilazimika, piga miche michanga, asubuhi isiyo na upepo, kwa kipimo cha lebo. Watoto na kuku wakae mbali hadi ikauke.

Mbigili hupenda ardhi tupu iliyokanyagwa. Panda ukoka masika hayahaya. Pembeni tandaza maranda ya seremala, unene wa sentimita nane hivi. Na kagueni ndala na tairi getini, maana ndizo zinazoingiza mbegu mpya.