Kifusi kiko getini wiki ya 7, kibali bado

SWALI: Shikamoo shangazi. Mie niko hapa Tanga, Mikanjuni. Nimechimba shimo la msingi mita 12 kwa 8, kina mita 2, kijiko, ile mashine ya kuchimba, kimemaliza kwa siku mbili tu, udongo umerundikwa pembeni umeegemea ukuta wa jirani na nusu umeingia barabarani. Niliomba kibali cha kuuhamishia Pongwe, kaka yangu anataka kujazia kiwanja chake, na hii ni wiki ya 7. Kila nikienda naambiwa afisa yuko saiti, mara faili liko kwa bosi, njoo Alhamisi. Fundi anasema tubebe usiku tuachane na maneno. Mwingine kaninong'oneza nitoe hela ya soda. Masika hiyo inakuja, nifanyeje? (Mama Wawili)

JIBU: Marahaba mwanangu, pole sana. Barua yako imeniuma kwa kuwa yamenikuta hayohayo nilipokuwa najenga Bagamoyo.

Kwanza usibebe usiku. Tipa likisimamishwa dereva hana karatasi, linazuiliwa, na zile siku linazokaa pale ni wewe unazilipa. Soda nayo usitoe, malipo halali yanakuja na kontroo namba na risiti, atakayeng'ang'ania mkononi piga 113 ya TAKUKURU, ni bure.

Sasa nenda usiulize "kibali kimetoka?" maana jibu lake ni Alhamisi. Uliza faili liko kwa nani na linadai karatasi gani. Mara nyingi kinachokosekana ni udongo unakokwenda, maombi yanasema "kuhamisha kifusi" basi, na hapo afisa ana haki ya kuogopa kwasababu wapo watu wanaomwaga kwenye mikoko na kando ya mito, wakati Sheria ya Mazingira ya 2004 kifungu cha 57 inakataza shughuli za kudumu au za kuharibu ndani ya mita 60 kutoka ufukwe wa bahari au ukingo wa mto. Kwahiyo kaka yako aandike barua kwamba anaupokea, mtendaji wa kule Pongwe agonge muhuri, uambatanishe na maombi yako. Ila kuogopa ni kitu kimoja na kukaa kimya wiki 7 ni kingine, kama karatasi ilipungua ulitakiwa uambiwe siku ya kwanza, na mimi hilo silitetei hata kidogo.

La pili ni hesabu, na hapa ndipo nilipoumia mwenyewe. Shimo lako ni 12 mara 8 mara 2, kyubiki (mita za ujazo) 192. Lakini udongo ukishachimbwa unavimba, uliokuwa umeshikana chini unaachana, robo nzima inaweza kuongezeka, hivyo lundo lako linakaribia kyubiki 240. Tipa la kyubiki 8 utapiga tripu 30, sio 24. Mie kule Bagamoyo niliandika kipimo cha shimo, tripu zilizoruhusiwa zikaisha na lundo bado linanitazama, nikaanza maombi upya, wiki 3 nyingine zikaondoka kwa tripu 6 tu! Fundi wala karani hakuna aliyenishtua. Nenda karekebishe hesabu kwenye maombi kabla kibali hakijatoka.

Tatu, yote yawe kwa maandishi. Barua kopi 2, moja wanabaki nayo, nyingine wanakugongea "imepokelewa" na tarehe. Zikipita siku 14 kimya, andika ya kukumbusha, nakala kwa mkurugenzi. Maneno ya dirishani hayana tarehe mwanangu, hayakusaidii.

Huku ukisubiri, usiuache ukuta wa jirani. Udongo ukilowa unakuwa mzito sana na unasukuma, ukuta wa tofali za block usiokuwa na nguzo hauwezi. Tafuta vijana wenye beleshi wausogeze hata mita 2 kutoka ukutani, funika turubai, panga viroba vya mchanga chini kuzunguka lundo, na mtaro uwe wazi kabisa. Mwite mwenyekiti wa mtaa na huyo jirani waone, mwenyekiti aandike kwamba lundo ni hatari kwa mvua, piga na picha, uziweke kwenye ile barua ya kukumbusha. Faili lenye picha ya ukuta wa mtu halikai chini ya mengine kirahisi.

SWALI: Shangazi, nina kifusi kimebaki baada ya kujenga, watu wa moramu wanataka kukinunua kwa tripu. Nakiuza tu? (Kijana wa Kaole, Bagamoyo)

JIBU: Ngoja kwanza kijana wangu. Mchanga, changarawe na mawe sheria inavihesabu kama madini ya ujenzi, ipo Sheria ya Madini ya 2010, kwahiyo ukianza kuuza kwa tripu umeshatoka kwenye ujenzi wa nyumba umeingia biashara nyingine. Pitia ofisi ya madini ya mkoa na picha ya lundo na makadirio ya kyubiki, wakupe jibu kwa barua. Na kwa kuwa uko Kaole, penye magofu ya kale, mkichimba zaidi mkakutana na vigae vya zamani au ukuta wa mawe ya matumbawe, simamisheni kijiko hapohapo muite watu wa mambo ya kale.