Mwanafunzi Anapouliza, "Hisabati Itanifaa Nini?"

Katika kazi yangu ya ualimu nimeulizwa swali hili mara nyingi, hasa katikati ya vipindi vya aljebra: "Mwalimu, hii itanifaa nini maishani?" Nawasihi walimu na wazazi wasilichukulie kuwa utovu wa adabu wala uvivu, kwa sababu mtoto anayeliuliza ameanza kupima thamani ya muda wake, na kupima huko ndiko kuanza kutafuta maana ya maisha.

Jibu lililozoeleka ni la mitihani na ajira. Halimtoshi mtoto asiyetaka uhandisi, ambaye anaona wazi kwamba watu wazima wengi hawajatatua mlinganyo wowote tangu walipomaliza shule.

Hata mageuzi makubwa ya mitaala yamewahi kukwama hapa. Baada ya Umoja wa Kisovyeti kurusha setilaiti ya Sputnik mwaka 1957, Marekani iliharakisha mageuzi yaliyoitwa Hisabati Mpya, na watoto wadogo wakaanza kufundishwa nadharia ya seti, yaani hisabati ya makundi ya vitu. Wataalamu walioandaa mada hizo waliujua uzuri wake, lakini walimu wengi hawakuandaliwa vya kutosha na wazazi wakashindwa kuwasaidia watoto wao nyumbani, hata katika miaka ya 1970 shule nyingi zikarejea kwenye hesabu za kawaida. Naamini mada zenyewe hazikuwa mbaya; aliyekosekana ni mtu wa kumwonyesha mtoto kwa nini zinastahili kufikiriwa.

Kwa hiyo swali hilo mimi hulijibu kwa kazi. Huwaomba wanafunzi wajumlishe namba witiri kuanzia 1: 1 na 3 ni 4, ukiongeza 5 unapata 9, ukiongeza 7 unapata 16. Wakishagundua wenyewe kwamba majibu yote ni namba za mraba, huwaambia wachore nukta moja, waongeze nukta 3 kuizunguka pande mbili, kisha 5, kisha 7, mpaka waone kwamba kila namba witiri ni ukingo mpya unaoukuza mraba uliotangulia. Ndipo ninapowauliza kama itakuwa hivyo hata kwa namba ambazo hakuna aliyewahi kuzijumlisha. Mwanafunzi anayeweza kueleza kwa nini ni lazima iwe hivyo amepata ukweli usiotegemea mamlaka yangu wala ya kitabu, na kwangu mimi hiyo ndiyo sababu kuu ya kufundisha somo hili. Mpeni muda wa kutosha, hata kama ratiba ya mada inabana.

Kuna wakati, hata hivyo, swali hilo hubeba uzito mwingine. Mtoto akianza kuliuliza katika kila somo, kisha akaacha pia michezo na marafiki aliowapenda, haulizii tena aljebra. Mfano wa nukta hautamsaidia. Anahitaji mtu mzima anayemwamini, aketi naye faragha, amsikilize bila kumkatiza na, ikibidi, amfikishe kwa mshauri nasaha mapema.