Tsuma yo bara no yo ni (1935): fuata pesa, mapenzi yatajieleza

Ukiikalia filamu hii ya mwongozaji Mjapani Mikio Naruse ukisubiri mapenzi ya Kimiko, binti wa Tokyo, na Seiji, utasinzia mapema. Seiji ni mchumba wa utani tu. Kinachokwamisha ndoa ni baba yake Kimiko: aliikimbia nyumba zamani, sasa yuko milimani Nagano na Oyuki, aliyekuwa geisha (mwanamke wa kutumbuiza wageni), na wamezaa watoto wawili. Upande wa mume unataka kumwona baba wa binti, jambo la kawaida tu. Isitoshe mama yake Kimiko, Etsuko, ameombwa awe mshenga wa harusi ya watu wengine, na Japani ya wakati huo ushenga ulikuwa kazi ya mke na mume pamoja. Basi Kimiko anafunga safari kumfuata mzee.

Filamu ina dakika 74 tu, kwa hiyo itazame kwa mkao mmoja. Sauti ya enzi hizo inakwaruza. Maandishi ya tafsiri yawepo hata kama Kijapani unakijua kidogo. Sehemu ya Tokyo, angalia mavazi: Kimiko na suti yake ya Kizungu, mama na kimono. Mama anatunga tanka, mashairi mafupi ya Kijapani, za kumlilia mumewe, lakini mume akikaa mbele yake, maneno yanamkauka. Hilo lishike, utalihitaji mwishoni.

Wengi huharibikiwa kwa Oyuki. Wakisikia nyumba ndogo, hukumu imeshatoka. Wewe jiulize pesa zinazofika Tokyo kila mwezi zinatoka wapi. Mzee anachekecha mchanga wa mto akitafuta dhahabu, na dhahabu haionekani. Anayetuma ni Oyuki, kwa kazi ya kutengeneza nywele za watu, binti yake akishona. Hapo usiguse simu, mtazame Kimiko usoni: amekuja na mashtaka, na mshtakiwa ndiye aliyekuwa akimlisha. Hakuna anayepiga kelele, na mimi naona ndiyo sehemu bora kuliko zote.

Baada ya hapo mambo yanakwenda haraka. Kimiko anasimamisha teksi kwa kidole gumba, kama alivyoona kwenye sinema ya Kimarekani; cheka, kisha, mzee akiwa Tokyo, waangalie wazazi wawili walivyo wageni wao kwa wao.

Ukiitafuta, jaribu pia jina la Kimiko, maana ndilo ililoonyeshewa New York mwaka 1937.