Jina la baba limefutwa nasi hatukuitwa

SWALI: Shikamoo mzee. Baba yetu alifariki mwaka 2019 akatuachia nyumba hapa Ujiji, kiwanja kina barua ya toleo, yaani barua ya serikali ya kumgawia ardhi, kwa jina lake. Mimi nilikuwa Uvinza kwenye chumvi, mama ndiye aliyebaki na nyumba. Mwezi uliopita nimekwenda kulipa kodi ya pango la ardhi, nikaambiwa kiwanja sasa kina jina la baba mdogo. Wakanionyesha karatasi: Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya lilisikiliza upande mmoja kwa kuwa mama "alikataa samansi", yaani hati ya kumwita. Mama anaapa hajawahi kuiona. Nilipolalamika, afisa akasema, "Hata mngeitwa, matokeo yangekuwa hayohayo." Je, tumeshapoteza?
Binti wa Ujiji

JIBU: Marahaba mwanangu. Poleni sana, wewe na mama.

Nianze na hilo neno la afisa, maana limeniuma. Katiba yetu, Ibara ya 13(6)(a), inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki zake zinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote. Na Mahakama ya Rufani imesema zaidi ya mara moja kwamba uamuzi uliofikiwa bila mhusika kusikilizwa hutenguliwa, hata kama angesikilizwa na uamuzi ukabaki uleule. Kwa hiyo alichokwambia afisa ndicho hasa sheria ilichokikataa. Usianze kubishana kiwanja ni cha nani. Anza na swali moja: mama aliitwaje?

Nimekuwa karani wa masijala ya baraza moja kwa miaka mingi, na jambo hili nimeliona kwa macho. Alikuja bibi mmoja muuza mawese, kanga yake ina madoa mekundu ya mafuta, analia kuwa ameondolewa shambani bila kuitwa. Tukafungua jalada. Nakala ya samansi iliyorudishwa ilikuwa na sahihi ya kalamu, herufi zimelala upande wa kulia, za mtu aliyezoea kuandika. Bibi yule hakujua kusoma wala kuandika. Kila karatasi ya maisha yake aliitia dole gumba. Mwenyekiti aliitazama ile sahihi, akaagiza wino wa muhuri, akamwomba bibi atie dole kwenye karatasi tupu, akaziweka mbili sambamba mezani. Hakuna aliyesema neno. Shauri likaanza upya.

Basi andika barua uombe kukagua jalada, na upewe nakala ya uamuzi, mwenendo (kumbukumbu za yaliyosemwa barazani), samansi iliyorudishwa na kiapo cha aliyeipeleka. Hicho kiapo kisome polepole. Alifika siku gani, saa ngapi? Nani alimwonyesha nyumba? Siku hiyo mama alikuwa wapi, na nani anaweza kulithibitisha hilo?

Kama mama ametajwa kuwa mdaiwa, maombi ya kutengua uamuzi wa upande mmoja hupelekwa barazani hapohapo ndani ya siku 30. Muda huo kwenu umepita, kwa hiyo mtatangulia kuomba kuongezewa muda, na mtatakiwa kueleza kila siku ya kuchelewa. Ndiyo maana nakusihi: andika leo tarehe uliyogundua, na ankara ya pango usiipoteze. Kama hakutajwa kabisa, mnakwenda Mahakama Kuu, hapo hapo Kigoma, kuomba iliite jalada na kulikagua.

Hujaniambia kama kuna msimamizi wa mirathi. Mali ni ya marehemu, na anayeweza kudai au kudaiwa kwa niaba yake ni msimamizi. Kama hakuna, itisheni kikao cha familia, chukueni muhtasari na cheti cha kifo, mwende Mahakama ya Mwanzo. Mkilikosa hili mtarudishwa mlangoni huku haki mnayo. Nalo lina upande wa pili: kama baba mdogo alimshtaki mama tu juu ya mali ya marehemu, hapo pia pana kasoro ya kuionyesha.

Kama hati imeshatoka kwa jina lake, ombeni zuio kwa Msajili wa Hati wiki hii hii. Akiuziwa mtu wa tatu, kazi inakuwa nzito mara mbili. Baraza la Kata msilitegemee kuamua. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 kazi yake ni kusuluhisha.

Mwanangu, kuna watu watakunong'oneza kwamba wanamjua mtu ofisini wa kurudisha jina la baba kimyakimya. Kataa. Baba mdogo naye aitwe, aje na karatasi zake, aseme mbele ya mama. Mama aende mwenyewe, aeleze kwa kinywa chake. Kiswahili ndiyo lugha ya hapo, asiogope.

Ukipata kile kiapo, niandikie tarehe na saa zilizomo. Nitakujibu toleo lijalo.