Fraizi zangu zilikufa chini ya kalitusi, wakasema nimerogwa

Dada mmoja wa Goma ameniandikia juzi: "Mama, fraizi zangu (stroberi) zinageuka njano, nimeweka mbolea mpaka pesa imeisha, nifanye nini?" Mi nikamuuliza swali moja tu, pale karibu kuko miti gani? Kalitusi. Nikacheka, kisha nikanyamaza, juu hiyo ni hadithi yangu mwenyewe.

Huku Bukavu baba mukwe alipanda kalitusi nane kwenye mpaka wa parseli, za kuuza nguzo. Mi nikaona nafasi, Septemba mvua ikianza nikaweka miche 60 ya fraizi, na kwa ujanja wangu nikafunika udongo na majani makavu ya kalitusi yenyewe eti unyevu usitoke!! Mwezi haukuisha, zimedumaa, zinajikunja, moja moja zinakauka. Majirani: umerogwa. Mama mukwe: mkono wako ni mubaya. Hiyo neno inaniuma mpaka leo, na fraizi zangu sasa anazikula bila aibu.

Uchawi wapi. Majani ya kalitusi yako na sumu yake, mvua inaiosha inashuka kwenye udongo, mimea midogo inashindwa, halafu mizizi yake inakunywa maji yote. Marekani kuko mti unaitwa mjozi mweusi (black walnut), huo ndo mukali, sumu yake inaitwa jugloni: bluberi na blakiberi zinakufa karibu yake, raspiberi nyeusi ndo zinavumilia. Na hata ukiukata, mizizi inayooza inaendelea kuachilia ile sumu. Usidhani panga inamaliza kazi.

Mi nilihama tu. Magunia, udongo wa mbali, mbolea ya ng'ombe toka Kabare, nikayapanga upande wa jikoni juu ya mawe ili mizizi isiingie toka chini, juu mizizi inapita mbali kuliko kivuli. Majani yakianguka nafagia, siyatupi kwenye mbolea. Msimu wa pili siusemi, ni kumwagilia na kungoja. Jumapili iliyopita nimejaza ndoo nzima!

Kwa hiyo mama zangu, kabla ya kukimbilia mganga inua macho kwanza, tazama nini imesimama juu ya shamba yako. Tazama, nasema.

Dada wa Goma ameniuliza tena kama anaweza kuacha mistari miwili palepale, ajaribu. Hapana dada. Ng'oa leo, mvua ingali inanyesha.