Holmes aliua 200 au 27?

SWALI: Dada mhariri shikamoo. Juzi tumekaa kwenye banda la kahawa hapa Mikindani jamaa akaanza stori ya yule muuaji wa Marekani H. H. Holmes, eti aliua watu 200 kwenye jumba lake Chicago, mi nikamwambia mbona mwenyewe alikiri 27, tumebishana mpaka tumefukuzwa bandani. Yupi mkweli?
Msomaji, Mikindani, Mtwara

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Hiyo 200 imekuzwa na waandishi tu, na yako ya 27 umeitoa kwenye mdomo wa mtu ambaye hata hilo jina Holmes sio lake, alizaliwa Herman Mudgett. Mwaka 1895 akiwa ndani alitoa kitabu anajiita hana hatia, 1896 keshahukumiwa kifo akauza maungamo gazetini kwamba kaua 27, kumbe wengine kwenye orodha wapo hai kabisa! Halafu 7 Mei 1896 kapandishwa kwenye kitanzi pale Philadelphia akageuka tena, eti ni wanawake wawili tu walimfia kwenye operesheni. Mahakama ilimtia hatiani kwa mmoja, Benjamin Pitezel, mshirika wake aliyemuua kwa ajili ya bima ya dola 10,000. Wengi waliochunguza wanaishia kwenye 9 hivi.

Ila mimi kinachoniuma ni watoto watatu wa huyo Pitezel, maana Holmes aliwachukua akawa anazunguka nao. Alice na Nellie walikuwa wanamwandikia mama yao barua, Holmes anazipokea kama anaenda kuzituma, kumbe anazifungia kwenye kiboksi cha bati, hakutuma. Mpelelezi Frank Geyer akazichukua hizo barua akafuatilia mji kwa mji mpaka Toronto, Julai 1895, akakuta jirani anakumbuka mpangaji aliyekuja kumuazima chepe achimbe shimo la kuwekea viazi, yani kama huku kwetu tu, mtu akiomba chepe unampa huulizi mara mbili. Geyer akaliazima chepe hilohilo akachimba kwenye chumba cha chini ya ile nyumba, wasichana wote wawili walikuwa humo. Mdogo wao Howard alipatikana mwezi uliofuata karibu na Indianapolis, yamebaki meno na mifupa kwenye dohani.

Na Holmes muda wote huo alikuwa anasema watoto wako London, wazima.