Maswali ya Wasomaji: Skrini ya CNC Imenishinda

SWALI: Fundi habari za kazi. Nina kamashine kangu ka CNC 3018, kale ka kuchonga kanakoongozwa na kompyuta, nachongea vibao vya majina ya milangoni, natumia Universal Gcode Sender, programu ya kutuma amri kwa mashine, kwenye laptopu kuukuu ya inchi 11. Madirisha yamebanana hadi sioni kitu, wiki iliyopita nilitaka nisogeze X (pembeni) nikagusa Z (juu na chini), biti ikazama ubaoni ikakatika papo hapo. Hii skrini inapangika au ndo nizoee tu?
Msomaji, Morogoro

JIBU: Pole sana kaka, biti inauma ikikatika. Skrini inapangika, ila cheki kwanza umeweka toleo lipi la programu hiyo maana yapo mawili, Classic ni ile nyepesi na haina mambo mengi, Platform ndo yenye madirisha ya kuburuta. Ukiwa na Platform shika kichwa cha dirisha upeleke unapotaka, usilotumia lifunge. Mimi nikichonga nabaki na matatu tu, namba za pale biti ilipo, vitufe vya kusogeza na picha ya njia ya biti. Ukivuruga usiogope, menyu ya Window ina Reset Windows, inarudisha kila kitu kama mwanzo.

Sasa hiyo Z, na hili naomba ulifanye leo kabla hata hujagusa madirisha. Kwenye mipangilio kuna mahali pa kuipa Z hatua yake peke yake, yaani umbali inaosogea ukibonyeza mara moja, iwashe, X na Y (mbele na nyuma) ziache hata 10 mm lakini Z iwe 0.5, hapo kidole kikiteleza biti inashuka nusu milimita tu na wewe unawahi kushtuka.

Halafu makro, yaani amri unayoihifadhi uiite kwa kubonyeza tu. Unachoandika kila siku kiwekee kitufe, mfano G10 L20 P1 X0 Y0 inaweka sifuri ya kazi pale biti iliposimama, iandike mara moja uipe jina lako, "Sifuri XY" au lolote. Ukienda Tools, Options, Keymap utaikuta humo uipe na kitufe cha kibodi. Pause nayo ipe kitufe kikubwa unachokipata bila kuangalia.

Ila Pause inatuma alama ya ! kwa Grbl, programu iliyo ndani ya mashine yenyewe, mashine inapunguza mwendo inasimama lakini spindo, ile mota ya biti, bado inazunguka, usipeleke mkono! Na laptopu ikiganda hakuna kitufe cha skrini kitakachofanya kazi, kwa hiyo funga swichi ya kukata umeme mezani, upande wa mkono unaotumia, umeme wa mashine na wa spindo vyote vipite hapo.